Maana ya Kuwa Msomi: Habari za Ugogo

Mtu atokaye Dodoma kwenda kaskazini mpaka Haneti hupita katika nchi kavu, yenye mibuyu na miiba, ambayo mvua yake ni chache wala haina hakika. Katika nchi kama hiyo swali la nani mwenye elimu si la kuchezea, maana kukosea majira kidogo tu kwaweza kuleta njaa nyumbani. Nasi walimu, tulio na desturi ya kumpima msomi kwa madarasa aliyopita, yatupasa tulitazame neno hili tangu asili yake.

Kiswahili chatumia kitenzi kimoja, kusoma, kwa kazi mbili: kuyatamka maneno yaliyoandikwa, na kukaa miaka mingi katika kutafuta maarifa. Huko pwani mambo hayo mawili yalikwenda pamoja tangu kale. Neno chuo, kama kamusi ya Krapf iliyopigwa chapa mwaka 1882 ionyeshavyo, lilikuwa na maana ya kitabu na pia ya mahali pa kufundishia watoto. Na mwanachuoni alikuwa mtu wa vitabu, hasa vya dini. Katika Buganda, miaka ya 1880, walioingia dini mpya waliitwa abasomi, yaani wasomaji, hata yule ambaye alikuwa bado akihangaika na herufi za kwanza. Basi msomi hakuwa kwanza mtu mwenye cheti, bali mtu aliyejiunga na kitabu na watu wa kitabu. Elimu, maarifa na hekima, maneno yote matatu yenye asili ya Kiarabu, yalifika bara kwa njia hiyo hiyo ya pwani.

Lakini lugha imehifadhi pia kitenzi cha Kibantu, kufunda, ndicho jamaa yao fundi, kufundisha na kujifunza. Kufunda ni kumweka kijana mbele ya wakubwa na kumwonya, kama ifanywavyo jandoni na unyagoni. Kitenzi chenye umbo hilo hilo hutumika kwa kuponda kitu kinuni. Kama ni neno moja au ni mawili sithubutu kuamua, ila kila aliyepita jandoni atacheka akisikia. Wagogo nao waliwafunda vijana wao kambini baada ya kuwatahiri. Hapakuwa na karatasi pale, lakini palikuwa na kukariri, na kuulizwa, na aibu ya kusahau.

Wamisionari wa CMS walianza kazi Mpwapwa katika miaka ya 1870, na chuo cha walimu cha Kongwa kilianzishwa mwaka 1913. Walimu wa siku zile walilalamika mara nyingi kwamba wazazi hawapendi shule. Lakini mzazi wa Kigogo aliyempeleka mwanawe shuleni alipoteza mchungaji, na mchungaji huyo naye alikuwa mwanafunzi: alikuwa akijifunza majani, na maji, na tabia za ng'ombe. Je, alikosa elimu, au alikuwa katika darasa jingine?

Tazama njaa iliyoitwa Mtunya, ya miaka ya 1918 hadi 1920. Majeshi ya Wajerumani, kisha ya Waingereza, yalikuwa yamechukua nafaka, ng'ombe na wapagazi. Ndipo mvua zikakosekana. Wagogo walikuwa na maarifa yao ya kale juu ya ukame: kupanda uwele na mtama, na kuwaweka ng'ombe kwa rafiki wa mbali ili baa moja lisimalize zizi lote. Maarifa hayo yalitosha kwa ukame. Kwa vita hayakutosha. Nasema haya kwa sababu wako wanaosifu elimu ya wazee kana kwamba haikuwa na mpaka, kama vile wengine wanavyoisifu shule. Mambo ya serikali na vita vya Ulaya yalitaka mtu awezaye kusoma barua na kuijibu.

Mtu wa namna hiyo alikuwa Mathias Mnyampala, Mgogo wa Ihumwa, karibu na Dodoma, aliyezaliwa mwaka 1917, kabla tu ya njaa hiyo. Kiswahili hakikuwa lugha ya mama yake, naye akawa mmoja wa washairi wakubwa wa Kiswahili. Ngonjera twazijua zaidi kwa kazi yake. Lakini kwangu mimi usomi wake waonekana zaidi katika kitabu cha mwaka 1954, Historia, Mila na Desturi za Wagogo wa Tanganyika. Humo alitia katika maandiko habari za koo na watemi, ambazo mpaka wakati ule zilikuwa zimekaa hasa vinywani mwa wazee. Ili kuzipata, kusoma peke yake hakukumfaa. Ilimpasa akae chini, anyamaze, afundwe. Na ili zisipotee na wenye kuzijua, kufundwa peke yake hakukumfaa pia.

Mnyampala alifariki mwaka 1969. Kitabu chake kilitolewa kwa Kiingereza mwaka 1995, kimefasiriwa na Gregory Maddox, na leo wanavyuo wa nchi za mbali watakao kujua habari za Wagogo huanza kwa kumsoma yeye.