Mkeka, Mkonge na Zulia

Msafiri atokaye Moshi kwenda Arusha hupita Bomang'ombe, mji wenye jina la zizi na makao makuu ya Wilaya ya Hai. Wakati wa kiangazi upepo wa tambarare huleta vumbi hadi vyumbani, nasi tuliolizoea vumbi hilo twajua kwamba kitandikwacho sakafuni si pambo tu. Sharti kiulizwe kimetoka wapi, na kikichakaa kitakwenda wapi.

Swali hilo wazee wetu walilijibu bila kuliuliza. Katika nyumba za msonge za Wachagga, watu na mifugo waliishi chini ya paa moja. Akina mama walikata majani huku tambarare wakayapandisha mlimani vichwani. Yaliyosazwa na ng'ombe yalichanganyika na samadi, yakapelekwa kihambani kuistawisha migomba. Nayo migomba ikatoa majani makavu ya kutandika chini ya ngozi za kulalia. Hatusemi haya kwa kuutamani moshi na viroboto wa nyumba zile. Twasema tu kwamba tandiko halikugeuka taka.

Pwani nako kulikuwa na jamvi la miyaa na mkeka wa ukindu. Ukindu huchanwa, huanikwa, hutiwa rangi. Kisha husukwa ukili mrefu ambao hushonwa ukingo kwa ukingo hadi mkeka ukamilike. Kazi hiyo ya siku nyingi ni ya akina mama, na malipo yake hayajawahi kulingana na jasho lake.

Mkonge ulikuja baadaye. Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliuleta kutoka Florida, Marekani, kupitia Hamburg. Miche iliyofika hai ilikuwa 62, ikapandwa Kikogwe karibu na Pangani. Kutokana na miche hiyo michache yalienea mashamba makubwa, na manamba wakasafirishwa kutoka mbali kuja kuyahudumia kwa ujira mdogo. Kufikia mwaka 1964 nchi yetu ilizalisha zaidi ya tani 200,000, ikiongoza duniani. Serikali ilitaifisha sehemu kubwa ya mashamba hayo mwaka 1967, lakini wakati huo kamba za nyuzi zitokanazo na mafuta ya petroli zilikwisha kuanza kuuvunja ugo wa soko. Jambo la kusikitisha ni kwamba nyuzi hizo hizo, zilizoufukarisha mkonge, ndizo sasa zilizotandaa sebuleni mwetu kwa jina la zulia.

Zulia la nailoni au la polipropilini ni laini na lina rangi za kupendeza, hatulikatai hilo. Lakini haliozi. Likichakaa hupukutisha vinyuzi vidogo mno, na likichomwa jalalani hutoa moshi wenye sumu. Tena lile lenye manyoya marefu huficha vumbi, jambo ambalo mwenyeji wa Bomang'ombe hahitaji kuelezwa mara mbili. Zulia la mkonge husukwa bapa, hufagiwa likatakata. Adui yake ni maji: likilowa huingia madoa na hujikunja. Kwa hiyo halifai jikoni wala bafuni, ila katika sebule kavu ya nchi kama yetu huishi miaka mingi. Mnunuzi aligeuze atazame mgongo wake. Mgongo wa plastiki huondoa nusu ya faida.

Wala tusiufanye mkonge kuwa mtakatifu. Katika jani lake, nyuzi ni kama asilimia 4 tu. Kwa miaka mingi masalio yalimwagwa mitoni na kuyachafua maji. Mwaka 2008, huko Hale mkoani Tanga, kulizinduliwa mtambo wa kugeuza masalio hayo kuwa gesi ya kuzalishia umeme. Kasoro ya mkonge, basi, ina dawa.

Kasoro isiyo na dawa ya haraka ni bei. Mkeka wa plastiki ni rahisi kuliko zulia la mkonge, na mshahara wa mwalimu unajulikana. Sisi wenyewe tulishindwa na bei hiyo tukanunua mikeka miwili ya ukindu. Mmoja ungali sebuleni. Wa pili ulipochanika tuliutandaza nyuma ya nyumba, chini ya mgomba unaokunywa maji ya kuoshea vyombo, uzuie jua lisikaushe udongo. Na mvua za masika zilipokwisha hatukuuona tena.