Baada ya Paulette: Brigitte Fossey na Miaka ya Kutoonekana

Wanaoandika juu ya waigizaji watoto hupenda lugha ya wakulima: kipaji ni mbegu, kitachipua au kitanyauka. Maisha ya kazi ya Brigitte Fossey hayaingii katika mfano huo. Alizaliwa Tourcoing mwaka 1946, na alikuwa na miaka mitano tu alipoigiza Paulette katika Jeux interdits (1952) ya René Clément, filamu iliyotunukiwa Simba wa Dhahabu huko Venice na, baadaye, Oscar ya heshima. Ninavyoona mimi, alichokifanya mbele ya kamera hakikuwa mbegu ya chochote. Kilikuwa kitu kamili, kisichorudiwa.

Tuitazame filamu yenyewe. Ni Juni 1940, wakimbizi wamejazana darajani, ndege za Kijerumani zinawamiminia risasi. Wazazi wa Paulette wanauawa. Mtoto anaugusa uso wa mama yake, kisha anaondoka na mbwa wake aliyekufa. Baadaye yeye na Michel, mvulana wa shambani, wanazika wanyama na kuwaibia watu misalaba ili kaburi lisikose alama. Paulette hajui kifo ni nini, na binti wa miaka mitano anayemwigiza naye hajui vizuri. Kutojua kwa mhusika na kutojua kwa mwigizaji kumekutana, Clément akakuwahi. Kitu cha namna hiyo hakiwekwi akiba.

Georges Poujouly, aliyekuwa Michel, aliendelea moja kwa moja: Les Diaboliques (1955), kisha kijana mwizi wa gari katika Ascenseur pour l'échafaud (1958) ya Louis Malle. Alikuwa mwigizaji mzuri, lakini ukubwani riziki yake kwa sehemu kubwa ilitoka katika kuingiza sauti kwenye filamu za wengine. Fossey, baada ya The Happy Road (1957) ya Gene Kelly, alirudi shuleni na kutoweka kwa takriban miaka kumi. Atasema mtu kwamba shule ni shule, si uamuzi wa kisanii. Sawa. Hata hivyo aliyerudi mwaka 1967 kuwa Yvonne de Galais katika Le Grand Meaulnes alikuwa mwanamke anayeanza kazi mpya, si mtoto aliyerefuka.

Waongozaji, kwa upande wao, hawakumsahau Paulette. Katika L'homme qui aimait les femmes (1977), François Truffaut anamsimamisha Fossey makaburini Montpellier, akiwatazama wanawake waliokuja kumzika mpenzi wao, na ndiye anayetusimulia kisa. Sidhani kwamba Truffaut, mhakiki wa filamu kabla ya kuziongoza, hakulikumbuka lile kaburi la wanyama. Safari hii mhusika wake, mhariri wa vitabu, anajua kifo ni nini, na anajua pia kukipanga kiwe hadithi. Miaka mitatu baadaye, katika La Boum, ndiye mama wa msichana anayeigizwa na Sophie Marceau, mgeni wa kamera mwenye miaka 13.

Katika Cinema Paradiso (1988) alikuwa Elena wa utu uzima, yule ambaye shujaa hakuacha kumkumbuka. Toleo lililozunguka dunia lilikatwa, na sehemu zake zote zikaondoka. Waliosubiri toleo refu ndio waliomwona.