Umuganuro: mtama, ngoma na swali la haki nchini Burundi

Umuganuro ni sherehe ya kale ya mtama iliyoadhimishwa kila mwaka katika ufalme wa Burundi, mnamo Desemba, kabla ya mbegu kutiwa ardhini. Mwami alionja chakula cha mtama, ngoma takatifu iitwayo Karyenda ikatolewa, na kuanzia hapo raia wakaruhusiwa kupanda. Chakula, sanaa na utawala vilikuwa jambo moja. Ndiyo maana kwa Kirundi neno ingoma lamaanisha ngoma na pia ufalme. Sherehe hiyo ilikomeshwa wakati wa ukoloni wa Wabelgiji, na ufalme wenyewe ukaondolewa Novemba 1966.

Kilichosalia kinaonekana Gishora, kilima kilicho kilomita chache kutoka mjini Gitega, mji mkuu wa kisiasa. Makao hayo ya ngoma yanahusishwa na Mwami Mwezi Gisabo, aliyeyaanzisha baada ya kumshinda chifu muasi Ntibirangwa. Ngoma zake mbili mashuhuri ni Ruciteme, yule ambaye watu humfyekea msitu, na Murimirwa, yule ambaye watu humlimia. Majina yote mawili, msomaji ataona, ni ya shambani. Mwaka 2014 UNESCO iliingiza ngoma za kifalme za Burundi katika orodha ya turathi zisizoshikika za binadamu.

Ngoma huchongwa kutokana na mti wa umuvugangoma, ikawambwa ngozi ya ng'ombe. Sehemu zake zina majina ya uzazi: ngozi huitwa icahi, yaani ngozi ya kumbebea mtoto, vigingi ni amabere, matiti, tumbo ni inda, kitako ni umukondo, kitovu. Ipo pia urugori, taji la mama mzazi, ambalo katika eneo la Maziwa Makuu lilitengenezwa kwa bua la mtama. Hata hivyo, amri ya rais ya Oktoba 2017 iliwakataza wanawake kuipiga, ikiwaachia ngoma za kucheza za asili tu. Amri hiyo pia iliviwekea vikundi sharti la kibali cha wizara na malipo ya faranga 500,000 kwa maonyesho yasiyo ya kiserikali. Lengo lililotajwa ni kulinda hadhi ya urithi. Lakini ni vigumu kutoona kwamba chombo kilichopewa mwili wa mama kimefungwa kwa mama.

Muyinga, kaskazini mashariki, mtama ungali shambani, ingawa mahindi na mihogo vimeupunguzia nafasi sufuriani. Wengi huutumia kwa impeke, pombe ya mtama. Waislamu wa mji huo, wengi wao wakiwa wasemaji wa Kiswahili, huubakiza kwenye uji na ugali. Karibu yake ni mpaka wa Kobero, ambao wakimbizi wengi waliokuwa Tanzania wamepitia kurejea nyumbani tangu 2017.

Vyungu vya kupikia vyakula hivyo vilifinyangwa kwa vizazi vingi na Batwa. Sufuria za alumini na ndoo za plastiki zimewanyang'anya soko, na wengi wao hawana ardhi ya kulima. Katiba ya 2005 iliwatengea viti vitatu katika Bunge la Taifa na vitatu katika Seneti.