Kiungo cha Arrakis na Mche Ulioibwa

Mwaka 1965 kampuni ya Chilton ya Marekani, iliyojulikana zaidi kwa vitabu vya kutengeneza magari, ilichapa riwaya nene ambayo wachapishaji wengi walikuwa wamekwisha kuikataa. Riwaya hiyo ni Dune, ya mwandishi wa habari Frank Herbert. Ina falme zinazopigana, unabii na jangwa lisilo na mwisho, lakini kinachoendesha kisa chote ni kiungo cha chakula.

Kiungo hicho kinaitwa melange. Kinanukia kama mdalasini na hutiwa katika kahawa na vyakula. Kinarefusha maisha, kinageuza macho ya mlaji kuwa ya buluu hata katika weupe wake, na kinawapa marubani wa Chama cha Usafiri uwezo wa kuona njia salama kati ya nyota. Aliyekwisha kukizoea akikikosa hufa. Nacho kinapatikana katika sayari moja tu, Arrakis, ambako wenyeji, Wafremen, husafisha hata jasho la miili yao ili walinywe tena.

Wasomaji wengi hukimbilia kulinganisha melange na mafuta ya petroli. Wana haki: OPEC iliundwa Baghdad mwaka 1960, na lugha ya Wafremen imejaa maneno ya Kiarabu. Lakini petroli hailiwi. Nikifundisha somo hili, mimi huanza na karafuu.

Kwa mwanahistoria, uchawi wa melange haumo katika utabiri. Umo katika jambo lionekanalo dogo: haiwezekani kuipanda kwingine. Hutokana na uhai wa minyoo mikubwa ya mchangani, na minyoo hiyo ni ya Arrakis. Kwa hiyo anayeitawala sayari hiyo ameushika ulimwengu kooni. Viungo vya kweli havikuwahi kupata kinga ya namna hiyo, ndiyo maana kinga yake ilitafutwa kwa bunduki.

Tazama visiwa vya Maluku, katika Indonesia ya leo. Kungumanga ilitoka Banda, na karafuu ilitoka visiwa vichache vya jirani. Kampuni ya Kiholanzi ya India Mashariki, iliyoundwa mwaka 1602, ilitaka kuwa mnunuzi pekee. Mwaka 1621 Jan Pieterszoon Coen aliivamia Banda. Wazee 44 wa visiwa hivyo waliuawa, na kati ya wakazi wapatao 15,000 wakabaki pengine elfu moja. Wengine waliuawa, walikufa kwa njaa, walikimbia au walichukuliwa utumwani. Mashamba yakagawiwa walowezi, na watumwa wakaletwa kutoka mbali kuyahudumia. Kwa upande wa karafuu, Waholanzi waliamua ilimwe Ambon na visiwa vya karibu tu. Kwingineko walipeleka misafara ya mashua za vita kukata mikarafuu ya watu, mti kwa mti, ili bei isishuke.

Msomaji wa Dune atakumbuka kilele cha riwaya: kijana Paul Atreides anatishia kuiangamiza melange milele, na wakubwa wote wa ulimwengu wanapiga magoti, kwa kuwa awezaye kukiharibu kitu ndiye mwenye kukimiliki. Wanafunzi wangu huliona wazo hilo kuwa la ajabu. Huko Maluku lilikuwa sera ya biashara, lenye bajeti na mabaharia wake.

Sera hiyo ilishindwa na mwizi. Mfaransa Pierre Poivre, aliyekuwa mtawala katika kisiwa tunachokiita leo Mauritius, alipanga safari za siri, na mwaka 1770 miche ya karafuu na kungumanga ikafika kisiwani humo. Kutoka visiwa hivyo vya Wafaransa mkarafuu ulivuka hadi Unguja mwanzoni mwa karne ya 19. Sultani Seyyid Said, aliyehamishia makao yake Zanzibar, akausimamia kwa bidii. Ukiritimba wa Mholanzi ulivunjika, lakini aliyevunjiwa mgongo alikuwa mtu mwingine: mtumwa aliyeletwa kutoka bara, wengi wao kutoka pande za Ziwa Nyasa, kusafisha misitu, kupanda na kuchuma. Hali ya utumwa haikuondolewa kisheria Zanzibar hadi mwaka 1897.

Hapa ndipo Herbert anaponisumbua, nami ningependa watumishi wa umma wamsome kwa sababu hii. Paul ni mkombozi wa Wafremen. Anashinda, anaukalia ufalme, na tishio lile lile la kiungo linakuwa nguzo ya utawala wake. Katika kitabu cha pili, cha mwaka 1969, tunaambiwa kuwa vita vya wafuasi wake vimeua watu bilioni 61.

Siyalinganishi Mapinduzi ya mwaka 1964 na maafa hayo, ningekuwa mjinga. Mapinduzi yaligawa ardhi, na familia nyingi zisizokuwa na kitu zilipata eka tatu. Hata hivyo, mnunuzi wa karafuu alibaki mmoja, serikali, na kwa miaka mingi mkulima alipata sehemu ndogo tu ya bei ya soko la dunia. Wapemba wakajibu kama Wafremen wanavyojibu katika riwaya: kwa magendo. Karafuu zilivuka usiku kwa majahazi kwenda Kenya, na aliyekamatwa aliitwa mhujumu wa taifa.

Mnunuzi mkubwa wa karafuu hizo alikuwa Indonesia, nchi ulikotoka mche wenyewe, kwa ajili ya sigara zake za kreteki. Katika miaka ya 1980 mashamba mapya ya Waindonesia yalitosheleza mahitaji yao, na bei ikaporomoka. Na Herbert? Katika kitabu chake cha mwaka 1984 melange inatengenezwa katika matangi, mbali na Arrakis.

Mwanafunzi mmoja kutoka Pemba aliniuliza ni nani katika riwaya anayeianika melange juani. Nilirudi kuisoma. Wachumaji wanaonekana kwa urefu mara moja: mnyoo unakaribia mtambo wao, na Duke Leto, baba yake Paul, anauacha mzigo wote umezwe ili awaokoe. Wanapakiwa, wanaondoka, na kisa kinaendelea na wakubwa.