Dieudo Hamadi na Madai ya Kisangani

Historia ya kisiasa ya Kongo huandikwa zaidi kwa majina ya wakubwa: Lumumba, Mobutu, Kabila baba na Kabila mwana. Dieudo Hamadi, mwongozaji wa filamu za hali halisi aliyezaliwa Kisangani mwaka 1984, ameiandika kwa kuanzia kwa wanaobeba matokeo ya maamuzi ya wakubwa hao. Ninaamini njia yake inatuhusu.

Hamadi alisomea utabibu kabla ya kushika kamera. Katika *Atalaku* (2013), kuhusu uchaguzi wa mwaka 2011, hakuwakimbilia wagombea. Alimfuata mhubiri fukara wa Kinshasa aliyegeuka mpiga debe wa mwenye dau kubwa. Mwaka 2014 aliwaonyesha wanafunzi wa Kisangani waliofukuzwa darasani kwa kukosa ada, wakijiandaa wenyewe kwa mtihani wa taifa. *Maman Colonelle* (2017) inamfuata Kanali Honorine Munyole, askari polisi anayeshughulikia ukatili dhidi ya wanawake na watoto, akihamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. *Kinshasa Makambo* (2018) inawafuata vijana waliompinga Joseph Kabila alipobaki madarakani baada ya muhula wake kwisha.

Kilele cha kazi hiyo ni *En route pour le milliard* (2020). Kuanzia tarehe 5 hadi 10 Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya Kisangani, mji usio wa yeyote kati yao. Mamia ya raia waliuawa. Wengine walipoteza mikono na miguu. Mwaka 2005 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliamua kwamba Uganda inapaswa kuilipa Kongo fidia. Mwaka 2018, wahanga wakiwa bado mikono mitupu, baadhi yao walipanda chombo na kuteremka Mto Kongo hadi Kinshasa kuidai serikali yao wenyewe. Hamadi alisafiri nao. Filamu hiyo iliteuliwa katika orodha rasmi ya Cannes.

Februari 2022 Mahakama ilitaja kiasi: dola milioni 325, zilipwe kwa awamu tano. Hukumu ilizihusu dola na dola mbili zilizoshtakiana, Kongo na Uganda. Mhanga hakuwa mdaawa. Hapo ndipo ninapoona uzito wa filamu. Haimlipi mtu, wala haimrudishii mguu. Lakini inamzuia mhanga asigeuke tarakimu ndani ya jalada, na serikali inayopokea fedha kwa niaba yake haiwezi kudai kwamba haikumjua.

Ninaandika haya nikiwa Sofu, Kibaha, kando ya njia ambayo nyumba nyingi zilibomolewa mwaka 2017, kati ya Kimara na Kiluvya, kupisha upanuzi wa Barabara ya Morogoro. Silinganishi tingatinga na mizinga. Ninalinganisha kusubiri. Mtumishi wa umma anayefungua faili la madai, popote alipo, husoma namba ya kiwanja na kiasi cha fedha. Miaka ya kupanda na kushuka ngazi za ofisi haimo humo. Kwa hiyo nawaambia wanafunzi wangu wenye simu zinazorekodi: msiishie kwenye siku ya bomoabomoa. Rudini mwaka wa pili, na wa tano, mkakae na mdai.