Majuma sita ya Balozi Yakovlev

Mikhail Danilovich Yakovlev, balozi wa Kisovieti, alifika Léopoldville (leo Kinshasa) Agosti 1960, Kongo ikiwa na mwezi na siku chache tu za uhuru. Hakuwa mtumishi mdogo. Alitoka kwenye kiti cha Waziri wa Mambo ya Nje wa Jamhuri ya Urusi, iliyokuwa kubwa kuliko zote katika Muungano wa Kisovieti, na kutumwa kwa mtu wa cheo hicho kulionyesha matumaini ambayo Khrushchev, kiongozi wa Muungano huo, aliyaweka kwa Waziri Mkuu wa Kongo, Patrice Lumumba.

Ndege za Ilyushin na malori ya Kisovieti vilifuata. Lumumba, aliyekwisha kukata tamaa na Umoja wa Mataifa, akavitumia kupeleka askari Kasai. Tarehe 5 Septemba Rais Kasavubu alimwachisha uwaziri mkuu. Tarehe 14 Kanali Mobutu akashika nchi, na ubalozi wa Kisovieti ukapewa saa 48 uondoke. Yakovlev alikuwa amekaa majuma sita hivi.

Baadaye alikuwa balozi Iraki, kisha mkuu wa chuo cha Moscow kinachofundisha wanadiplomasia, kisha balozi Sweden. Nyambizi ya Kisovieti ilipokwama miambani karibu na Karlskrona, Oktoba 1981, yeye ndiye aliyeitwa na serikali ya Stockholm kuulizwa. Katika utumishi mrefu namna hiyo, Kongo ni mstari mmoja. Kwetu sisi wa mwambao wa Ziwa Tanganyika ndio mstari wenye uzito.

Ubalozi wa Léopoldville ulifunguliwa tena, safari hii chini ya Sergei Nemchina. Novemba 1963 wanadiplomasia wawili wa Kisovieti waliokuwa wakirudi kutoka Brazzaville walisimamishwa kivukoni, wakapekuliwa, na mizigo yao ikakutwa na karatasi za Baraza la Ukombozi la Taifa, chama cha wafuasi wa Lumumba waliokimbilia ng'ambo ya Mto Kongo. Ubalozi mzima ukafukuzwa kwa mara ya pili.

Baraza hilohilo ndilo lililomtuma Gaston Soumialot Bujumbura, Burundi, mwanzoni mwa 1964 kuandaa uasi. Mei ile Uvira ilianguka mikononi mwa wapiganaji wake walioitwa Simba, na vita vikateremka kando ya ziwa hadi Fizi na Baraka. Upande wa Burundi, Gatete na Rumonge nzima zinatazamana na pande hizo. Wavuvi wa mukeke na ndagala, wachuuzi wa mawese na watu wa ukoo mmoja wako pwani zote mbili, na Kiswahili ndicho wanachopatania bei mtumbwi ukitia nanga. Vita vya Baraka haviwezi kuitwa vya ng'ambo. Mwishoni mwa Septemba 1965 mamluki wa Mike Hoare, waliopigana upande wa Léopoldville, walishuka Baraka kwa njia ya maji, na waliokimbia walilikimbilia ziwa.

Simsemi Yakovlev kuwa ndiye aliyeleta haya. Wabelgiji, Wamarekani na wakubwa wa Léopoldville wana fungu lao, tena kubwa. Ila milango ya wafuasi wa Lumumba ilipofungwa katika mji mkuu, walizunguka na kuingilia ziwani.

Burundi nayo ilitikisika. Waziri Mkuu Pierre Ngendandumwe aliuawa tarehe 15 Januari 1965, na mwezi huohuo Mwami (mfalme) Mwambutsa IV akaufunga ubalozi wa China. Wasovieti, waliokuwa na uhusiano na Burundi tangu 1962, hawakuguswa. Walibaki Bujumbura, na vijana wa Burundi wakaendelea kwenda Moscow kusoma katika chuo kikuu ambacho tangu 1961 kilibeba jina la Lumumba.