Mohamed Amin: kamera iliyofika Korem na isiyofika Wagalla

Tarehe 23 Novemba ni kumbukumbu ya kifo cha Mohamed Amin, mpigapicha wa habari kutoka Kenya aliyefariki mwaka 1996 wakati ndege ya Shirika la Ndege la Ethiopia, iliyokuwa imetekwa nyara, ilipoishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na ufuo wa Comoro. Kwa watu wa Bura na wa Garissa kwa jumla kumbukumbu hiyo ina uzito wa pekee, kwa kuwa namna ukame wa nchi za wafugaji unavyoonyeshwa kwenye televisheni hadi leo ilichongwa kwa kiasi kikubwa na mtu huyu mmoja.

Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam, akaanzisha huko kampuni ya Camerapix mwaka 1963, akapiga picha za Mapinduzi ya Zanzibar, akafungwa visiwani humo mwaka 1966, kisha akahamia Nairobi, ambako picha zake za kuuawa kwa Tom Mboya mwaka 1969 zilimletea tuzo ya mpigapicha bora wa televisheni nchini Uingereza. Brian Tetley, aliyeandika wasifu wake mwaka 1988 na kufa naye katika ndege ile ile, anayasimulia maisha hayo kama mfululizo wa ushujaa, na waandishi wengi wamemfuata. Lakini ushujaa peke yake hauelezi ufundi.

Ufundi wenyewe unaonekana Korem, kaskazini mwa Ethiopia, Oktoba 1984, wakati wa baa la njaa. Mpigapicha wa habari kwa kawaida huwinda tukio, yaani mlipuko, maandamano au kiongozi anayekimbizwa hospitalini, na huo ndio ulikuwa mtindo wa Amin kwa miaka ishirini. Njaa, hata hivyo, haina tukio la kuwindwa, na Amin alilielewa jambo hilo mapema kuliko wenzake, akaipunguzia kasi kamera. Alianza alfajiri, wakati ukungu na moshi wa moto wa kuni vilikuwa bado vimetanda juu ya uwanda, akaizungusha kamera taratibu kutoka upande mmoja hadi mwingine, mbinu inayomwezesha mtazamaji kupima wingi wa watu bila kutajiwa idadi. Kisha akasogea hadi kwenye picha za karibu, ambazo hujaza kioo kwa sura au mkono mmoja, na kukaa hapo kwa muda ambao mhariri wa kawaida angeuona mrefu mno.

Ripoti hiyo ilirushwa na BBC tarehe 23 Oktoba ikiwa na maelezo ya mwandishi wake Michael Buerk, ikarudiwa na vituo 425 na kutazamwa na watu wanaokadiriwa kuwa milioni 470. Uingereza hunukuu zaidi maneno ya Buerk, ilhali Tetley anaitanguliza kamera, na katika hili hoja ya Tetley ina nguvu zaidi, kwani maneno yale yalifuata mwendo wa picha, na ni picha zilizovuka mipaka ya lugha hadi kuzaa Live Aid, tamasha la kuchangisha msaada la tarehe 13 Julai 1985.

Wakosoaji nao hawakukosea. Picha zilionyesha njaa bila kuonyesha vizuri vita vya serikali ya Derg dhidi ya waasi wa Tigray na Eritrea, vilivyoizidisha, na Mwafrika akabaki mtu wa kusubiri msaada. Mwaka 1989 mashirika ya Ulaya yasiyo ya kiserikali yalipitisha kanuni za maadili kuhusu picha za aina hiyo. Mtindo uliendelea kuigwa hata hivyo, na mwaka 2011, Umoja wa Mataifa ulipotangaza baa la njaa kusini mwa Somalia, kamera za dunia zilimiminika Dadaab, katika kaunti hii hii ya Garissa, zikitafuta alfajiri ile ile, vumbi lile lile na mama yule yule.

Lililo chungu zaidi ni kwamba Februari 1984, miezi minane kabla ya Korem, wanaume wa jamii ya Degodia walikusanywa na vikosi vya usalama vya Kenya katika uwanja wa ndege wa Wagalla, karibu na Wajir, na wengi wao wakauawa, bila kamera yoyote ya televisheni kuwapo. Haitakuwa haki kumlaumu Amin, kwa sababu Kaskazini Mashariki ilikuwa chini ya sheria za hali ya hatari, zilizofutwa mwaka 1991 tu, na serikali iliyoruhusu njaa ya jirani itangazwe kutoka Nairobi haikuwa na haja ya lenzi nyumbani kwake. Filamu ya Judy Kibinge, Scarred: The Anatomy of a Massacre, iliyotoka mwaka 2015, ililazimika kulisimulia tukio hilo miaka 31 baadaye kwa kutegemea zaidi sura na sauti za manusura na wajane waliokwisha kuzeeka.